Mkanda wa Walimaji wa Kishapu

Nilipotoka chuoni niliajiriwa na kampuni iliyokuwa ikitengeneza filamu kuhusu pamba. Walitaka picha za zamani za wakulima wa Shinyanga, na kazi yangu ilikuwa kuzitafuta. Kwenye misheni na nyumba za mameneja wa migodi ya Geita niliambulia picha za harusi za Wazungu, mbwa wao na viboko wa mtoni. Kila nikilala nilijiuliza ni mlango gani nimesahau kubisha.

Hatimaye, Kishapu, mjane mmoja alinitolea kopo la bati lenye mkanda wa filamu. Padri aliyeupiga alimwachia mumewe alipohamishwa. Mume huyo aliongoza bugobogobo, kikundi kinacholima kwa ngoma, watu wakirusha majembe juu na kuyadaka bila kupoteza mdundo. Baadaye alikwenda Geita kutafuta dhahabu, shimo likamfukia. Wanawe wawili hawakuikumbuka sura yake.

"Mimi mwenyewe sijauona," mama alisema. "Hapa nani ana mashine? Chukua, ila watoto wamwone baba yao akilima."

"Watamwona, mama. Gari la sinema litafika hapa hapa."

"Usije ukanifanya mwongo. Nimewaambia hakuwa na mpinzani."

Niliutazama kwa mwanga wa dirishani, picha moja moja, kwa kioo cha kukuzia. Kisha nikaandika maelezo ya kuutuma nayo, nikayachana, nikaandika tena: hii ni kazi, si mchezo, angalieni udongo unavyogeuka. Mkata filamu wa Dar es Salaam alijibu kwamba picha zinapendeza sana. Nililipima kila neno la jibu hilo, nikajilazimisha kufurahi.

Gari lilipofika baada ya mavuno, mama alikaa mbele na wanawe, wamepakwa mafuta wanang'aa. Mumewe akatokea kwenye kitambaa cheupe cha sinema: mrefu, anacheka, jembe linazunguka hewani. Sehemu ya udongo walikuwa wameikata yote. Kipaza sauti kikasema, kwa Kiswahili safi kabisa, kwamba zamani wakulima walipoteza siku nzima kwenye ngoma huku magugu yakisonga mashamba. Halafu akaja bwana shamba na pamba yake nyeupe.

Watu walicheka. Kijana mmoja nyuma akapaza sauti, "Huyo mvivu ni wa kwa nani?"

Yule mwanawe mdogo alimvuta mama yake kanga. "Mama, ndiye yule?"

"Siye," mama alijibu, akiwainua wote wawili. "Baba yenu alikuwa mkulima."