Violini ya Lami

Unyevu wa mvua uliipasua violini yangu ubavuni, siku mbili kabla ya mtihani wa kuingia orkestra hapa Kisangani. Papa, baba yangu, ni mvuvi wa Yanonge. Nilipokuwa kwenye misa aliipaka yote lami, kama anavyoziba mtumbwi wake, akaianika juani. Alinikabidhi akitabasamu: «Bon, sasa hata tone moja ya maji haitaingia.»

Nilitaka kumpigia kelele. Nikasema aksanti, nikaenda nayo kwenye mtihani. Ilitoa sauti ya mtu aliyezibwa mdomo. Watahini walinisimamisha kabla ukurasa wa kwanza wa noti haujaisha.

Nilirudi nikinyeshewa. Papa alikuwa ananingoja mlangoni.

«Maji iliingia?» akaniuliza.

«Hapana, papa. Hata tone moja.»