Kogo Aliyekataa Kufa

Siku yangu ya kwanza kazini nilifukuzwa studio kwa sababu ya maziwa. Studio ilikuwa orofani, juu ya duka la dawa za mifugo hapa Eldoret, chumba kidogo chenye blanketi ukutani za kuzuia mwangwi. Nilikuwa nimetoka kwetu Kapseret nikiwa nimeshiba mursik, maziwa yetu ya kibuyu. Kila nilipofungua kinywa nisome tangazo la chakula cha ng'ombe, koo lilikoroma. Prodyuza, bosi wangu wa kwanza, akavua hedifoni.

"Mama, umekunywa nini?"

"Mursik."

"Ai! Enda nyumbani. Kesho ukunywe maji moto peke yake."

Kesho yake nilirudi. Nyinyi vijana mnaorekodi kwa simu mkiwa kitandani, sikieni: sauti ni mali, na mali hutunzwa. Prodyuza alinifundisha kusimama kando kidogo ya maikrofoni ili herufi P isilipuke, na kutabasamu nikitangaza, maana tabasamu husikika hata redioni. Alinifundisha pia dabing, kazi ya kumvisha mwigizaji wa kigeni sauti ya Kiswahili: unaanza midomo yake ikifunguka, unamaliza ikifumba. Asubuhi nilikuwa malkia, mchana jambazi, jioni kuku wa katuni. Kuku ndiye aliyenichosha zaidi.

Kisha televisheni ikaniita. Mwongozaji wake alikuwa mama mkali tuliyemwita Madam. Alinisikia pale studio wakati wa chai nikimwiga nyanya yangu, akanipa nafasi ya Kogo, yaani nyanya kwa Kikalenjin, katika vichekesho tulivyorekodi kwenye jumba moja la Elgon View, mtaa wa matajiri hapa Eldoret. Kogo ameletwa mjini na mwanawe tajiri, naye anafuga ng'ombe kwenye bustani ya maua.

"Usijaribu kuchekesha," Madam aliniambia. "Wewe penda hiyo ng'ombe kabisa. Kicheko itakuja yenyewe."

Huo ndio ufundi wote wa komedi, na sijausikia tena ukisemwa vizuri hivyo. Watu wakampenda Kogo. Sokoni waliniuliza ng'ombe ameshikaje mimba kule kwa matajiri.

Madam alipoondoka alikuja Mwongozaji mpya, kijana nadhifu mwenye haraka. Akanivuta kando.

"Mathe, hii story ya ng'ombe imezeeka. Watu wanataka kitu fresh. Wiki ijayo Kogo anakufa."

Kogo alikuwa ugali wangu, na zaidi ya ugali, nilimpenda. Lakini mwigizaji habishani na skripti. Nililia, nikanawa uso, nikakariri mistari yangu.

Ilikuwa mistari michache tu. Kogo amelala kitandani, familia imemzunguka, anasema, "Kwaherini wanangu," anafumba macho. Nikasema, nikafumba. Lakini nikiwa pale, nikajiuliza: mwanamke huyu atakufaje na ng'ombe hajakamuliwa? Nikafungua jicho moja.

"Nani amekamua?"

Aliyeigiza mwanangu alibabaika. "Kogo, pumzika tu."

Nikafumba. Nikafungua tena. "Na watu wa matanga wapewe chai ya maziwa. Nisisikie mtu amekunywa strungi bila maziwa kwangu."

Nikafumba. "Na huyo jirani alilie huko kwake. Yeye hulia akiangalia sufuria."

Mpiga kamera alitetemeka kwa kicheko, na picha ikatetemeka naye. Tulingoja Mwongozaji asimamishe kamera. Kumbe alikuwa amekaa sakafuni, skripti usoni, machozi yakimtiririka.

"Mathe," alisema alipopata pumzi, "huyu hawezi kufa."

Basi hakufa. Tuliendelea miaka mingi, na kijana yule akawa bosi bora kuliko wote. Nilipopanda jukwaani Nairobi kupokea tuzo, ndiye aliyepiga makofi hadi akaambiwa akae.

Mwaka huu nimestaafu. Sikufukuzwa na mtu. Magoti yamechoka, nami nimeaga mwenyewe, kichwa juu. Nina furaha, na sioni haya kuisema. Vijana, msikimbilie kicheko. Tafuteni kitu ambacho mhusika wenu anakipenda kwa dhati, kisha mshikilie hapo hapo.

Juzi Mwongozaji, siku hizi ana mvi, alikuja Kapseret kuniamkua. Akanywa chai, akakohoa, akauliza kwa heshima:

"Sasa Mama, kwa vile umeacha kazi, tumuue Kogo?"

Nilimwongezea chai.

"Jaribu."