Mkaushe Kwanza Huyo Bata Mzinga

Naikumbuka Krismasi moja ya mtaani kwetu Bwaise, mwanangu, na afadhali nikuambie leo kuliko kesho, maana nimepita jikoni kwako nikamkuta bata mzinga amelala ndani ya ndoo ya maji ya chumvi. Nimeona na sufuria kubwa, na dumu la mafuta. Mkeo ananiambia utamkaanga mzima mzima, na mama mkwe wako anakuja kula. Haya, kaa hapo. Zima hiyo simu. Mimi ni mama yako mdogo, siyo video.

Marehemu baba yako alikuwa mpishi katika nyumba ya wageni kutoka ng'ambo, na huko ndiko alikojifunza kumkaanga ndege huyu. Mwaka ule mama yako, dada yangu, alikuwa na mimba yako. Baba yako akataka kumfurahisha bibi yako, yaani mama yetu, kwa chakula ambacho majirani hawajawahi kukionja. Akamleta huyo sekkokko, kama tunavyomwita hapa Kampala, amefungwa miguu nyuma ya baiskeli. Tulimpelekea Haji Juma amchinje. Alikuwa Mnubi, mwanajeshi mstaafu, na mtaani kwetu nyama ya sikukuu ilichinjwa na Mwislamu ili jirani yeyote aweze kuila. Kisha bata mzinga akalazwa ndani ya maji ya chumvi, sukari, tangawizi na vitunguu saumu. Nyumba ilinukia, nami nikajiona tajiri.

Sasa nisikilize vizuri. Unajua kwamba kwetu Waganda mwanamume na mama mkwe wake hawagusani. Nyinyi wa siku hizi mnalichukua kama mchezo, lakini zamani lilikuwa jambo zito. Hawakukaa mkeka mmoja, hawakutazamana usoni, na hata neno dogo lilipitia kwa mtu wa tatu. Baba yako alikuwa Mwacholi. Kwao wana heshima zao, lakini hii ya kwetu alifundishwa na shangazi zangu siku alipokuja kujitambulisha. Walimwambia, "Ukimgusa mama huyu, mikono yako itatetemeka mpaka kaburini." Sisi wasichana tulikuwa nyuma ya pazia tukicheka. Yeye hakucheka.

Asubuhi ya Krismasi mvua ikanyesha. Uwanja ukajaa maji, kama kawaida ya Bwaise, kwa hiyo baba yako akapandisha jiko la makaa barazani, karibu kabisa na mlango. Mafuta aliyajaza mpaka karibu na ukingo wa sufuria. Akamtoa bata mzinga ndani ya ndoo, akampaka binzari na pilipili, lakini hakumfuta. Maji yalikuwa bado yanamchuruzika kutoka tumboni.

Mama aliyaona hayo kupitia dirisha. Alikuwa amekaanga mihogo kando ya barabara miaka yote ya utoto wetu, kwa hiyo alijua maji na mafuta ya moto yanavyogombana. Akaniita nipeleke ujumbe. Sikusikia. Mimi na mama yako tulikuwa kwenye jiko la nyuma tukimenya matoke, na mvua ilikuwa inapiga mabati. Mama angeweza kupaza sauti tu, "Mkaushe kwanza!" Hakupaza. Mwanamke wa heshima hakumsemesha mkwe wake hivyo. Badala yake alichukua kitambaa, akajifunika uso kwa leso, akatoka mlangoni huku ameangalia pembeni, ili akiweke chini mahali ambapo baba yako angekiona.

Baba yako akamwona anakuja. Akafanya vile alivyofundishwa, ampishe upesi. Na ili ampishe upesi, akamtumbukiza bata mzinga ndani ya sufuria, akaruka kando.

Mafuta yalifura yakamwagika juu ya makaa, na moto ukapanda. Busuti ya mama, vazi lake refu la sikukuu, ikashika kuanzia chini. Akarudi nyuma, akajikwaa kwenye kiukuta tulichojenga mlangoni kuzuia mafuriko, akaanguka.

Tulichosikia huko nyuma ni sauti ya baba yako. "Kujeni! Mama yenu naungua! Kujeni mbio!"

Nilimkuta amesimama karibu na mama, ameshika gunia. Gunia zima, mwanangu, la kutosha kumfunika na kuuzima moto. Analia kama mtoto, anatuita sisi wanawake, na miguu haimsogezi. Mimi ndiye niliyemnyang'anya lile gunia. Mama alikuwa ameshaungua mpaka kifuani. Hakuuona mwaka mpya.

Msibani wazee wakamsifu baba yako. Eti kijana wa watu, hata mbele ya moto hakuvunja mwiko! Haji Juma akawakatiza kwa kile Kiswahili chake cha jeshi.

"Nyinyi nasifu nini? Mutu naungua, mutu nasimama na gunia. Hii heshima gani? Na ni nyinyi nafundisha yeye!"

Baba yako alikuwa ameketi chini na kikombe cha chai, na chai ilikuwa inamwagikia magotini.

Wewe umekua ukimwona anashika kikombe kwa mikono miwili, ukaambiwa ni ugonjwa. Hakumgusa mama, mwanangu. Hakumgusa hata kwa ncha ya kidole, na bado mikono ilitetemeka mpaka kaburini. Nilimchukia miaka mingi. Siku hizi namhurumia, na hasira yangu nimewaachia shangazi zangu, ambao wote wameshakufa bila kuombwa maelezo.

Basi hivi ndivyo utakavyofanya. Mtoe huyo ndege ndani ya maji mapema, mning'inize achuruzike, kisha mfute kwa kitambaa nje na ndani, na chini ya mabawa, mpaka kitambaa kitoke kikavu. Usijaze sufuria. Jiko liwe uwanjani, mbali na mlango, na mvua ikinyesha, acha kukaanga, tutakula matoke na karanga. Mteremshe polepole. Weka mchanga karibu, na moto ukishika usimwage maji. Mama mkwe wako akifika, mwambie wewe mwenyewe, kwa mdomo wako, akae mbali na mafuta. Akiona kosa, mwombe akupigie kelele. Heshima yake iko pale pale. Na likitokea la kutokea, usiite mtu. Mshike.

Mungu akubariki, mtoto wa dada yangu. Akupe meza yenye watu wote mpaka mwisho wa chakula, na akupe mikono ambayo baba yako hakukuachia.