Wageni wa Chini ya Mkunazi

"Bibi, utajuaje kama bado wazima huko chini?" Samah alimuuliza jirani yao wa mji wa Ibra alipokuwa darasa la tatu, na yule bibi, mzaliwa wa Unguja, akamjibu kwa kumtia kunazi mdomoni. Alikuwa mtu wa kutembea pekupeku uani, akisimama kila mara kupapasa mchanga kwa kidole gumba cha mguu, kama anayejaribu maji ya kuoga. Ganda kavu la nyenje, lililobaki shinani mwa mkunazi wa uani tangu mara ya mwisho wadudu wale walipotoka, wakapiga kelele zao, wakataga na kufa, watoto wao wakajichimbia chini, alilivaa begani badala ya pini. Nyua nyingine zote za mtaa zimetandikwa vigae. Wake ni mchanga mtupu.

"Yumma, gari yangu inazama," mwanawe Maen hulalamika kila Idi. "Nimwage saruji, khalas, yaishe."

"Nina wageni chini."

"Wageni gani miaka yote hawapigi hodi?"

"Wananyonya mizizi, wanakua. Wewe na ndevu zako bado unakula kwangu, nani kakuuliza?"

Mwaka huu Samah yuko darasa la kumi. Asubuhi moja ya Juni bibi alimgongea dirisha. Mchanga wa ua wake ulikuwa umejaa vitundu vya upana wa kidole, na shinani nyenje wanapasua maganda mgongoni, wanatoka laini, mabawa yamekunjamana. Bibi kajishika mdomo.

"Kumbe ulikuwa unajua," Samah akanong'ona.

"Sikujua, mwanangu. Lakini wangekuwamo, nami nishamwaga saruji, ningewaambia nini?"