Pini Iliyokaribia Kuzuia Safari ya Mwezini

Alikuwa fundi cherehani wa kawaida kabisa, na mwenyewe alikuwa wa kwanza kukwambia hivyo. Miaka ishirini na minane alishona sare za shule, mapazia, magauni ya arusi, na kupanua suruali za wanaume wanaonenepa huku wakilaumu dobi. Kisha siku moja karakana inayounda vyombo vya kwenda angani ikatangaza kwamba inatafuta watu wanaojua kushona kwa mkono. Mumewe, dereva wa lori la mchanga, alicheka mpaka akapaliwa. "Huko Mwezini kuna nani anayetaka kupanuliwa suruali?" Mama wa watu alichukua mkasi wake akaenda kujaribiwa, akapata kazi, na tangu siku hiyo wahandisi wote wakawa wanamwita Fundi.

Msiniulize kwa nini chombo cha Mwezini kinahitaji fundi cherehani. Hata mimi nilidhani nataniwa. Kumbe kule juu upande wa jua unaunguza na upande wa kivuli unagandisha, na chombo kisipofunikwa vizuri mitambo yake inakufa. Basi hufunikwa blanketi. Si la sufu, la hasha. Ni matabaka ishirini ya plastiki ya rangi ya dhahabu, membamba kuliko ganda la kitunguu, yamepangwa moja juu ya jingine na kushonwa pamoja. Ukiyaweka kwenye cherehani yanachanika. Yanataka mkono wa mtu, tena mkono unaojua kazi.

Chombo cha safari hii kilikuwa cha tatu kupita mikononi mwake, katika mwaka wake wa sita hapo. Kilikuwa kinakwenda ncha ya kusini ya Mwezi, kwenye mashimo ambayo jua halifiki chini yake, kutafuta barafu. Alielezwa kwamba watu watakaokuja kukaa kule siku za mbele watakunywa maji ya barafu hiyo, na mengine watayageuza mafuta ya roketi za kwenda mbali zaidi. Nyumbani alijifanya kazi ni kazi tu. Uongo mtupu! Aliipenda kazi ile kupita kiasi, na mumewe alishamfuma zaidi ya mara moja amesimama uani anautazama Mwezi kama mtu anayekagua nguo ya mteja.

Kazini alikaa meza moja na wifi yake, dada wa mumewe. Fundi mwenyewe ndiye aliyemwingiza, akamfundisha kuanzia kushika sindano, na sasa mwaka wa tatu walikuwa wanashona pamoja na kuchokozana kutwa nzima.

"Wifi, unashona kama unakimbizwa na mbwa," Fundi angesema.

"Na wewe unashona kama umeambiwa Mwezi utakusubiri mpaka mwakani."

Chumba chao kiliitwa chumba safi, na kilikuwa safi kuliko hospitali. Huingii bila ovaroli nyeupe, kofia, barakoa na glavu. Na kilikuwa na sheria mbili zisizo na mjadala. Ya kwanza ilihusu pini. Asubuhi zinatoka arobaini, zinahesabiwa kwa sauti na watu wawili, na jioni zinarudi arobaini, maana pini moja ikisahaulika ndani ya chombo itaelea huko angani mpaka iguse nyaya mbili, na hapo kila kitu kwisha. Sheria ya pili ilihusu ovaroli. Haitobolewi, hata tundu la ncha ya sindano, kwa sababu vumbi la mwili hupita hapo. Ukiitoboa, unga umemwagika, siku hiyohiyo unakwenda zako.

Na hapo ndipo ulipokuwa ugonjwa wa Fundi. Mtazame fundi cherehani yeyote mikono ikimjaa: pini anaichomeka kifuani, upande wa kushoto, wala hana habari. Mara kadhaa, kabla ya kuhesabu, Fundi alipapasa kifua chake akakuta pini imetulia kwenye ovaroli. Aliichomoa kimyakimya akairudisha kisandukuni, akaapa haitatokea tena. Ikatokea tena. Hakumwambia mtu, hata wifi.

Siku tisa kabla ya chombo kupelekwa kwenye roketi, saa sita mchana, ililia kengele ya vumbi, ile inayolia vumbi likizidi chumbani. Wote wakatolewa nje, wakavua ovaroli zikatiwa kwenye magunia ya nguo chafu, wakapewa mpya, wakarudi kazini. Saa kumi wakahesabu pini.

"Thelathini na tisa," alisema wifi.

"Hesabu vizuri, wifi, acha masihara."

Wifi akahesabu tena, safari hii akizigusa moja moja kwa kidole. Thelathini na tisa.

Akaitwa mkaguzi, mwanamume mfupi ambaye hakuwahi kupandisha sauti, na ndiyo maana walimwogopa. Wakatafuta kwa tochi, wakatafuta kwa sumaku, chini ya meza, kwenye mikunjo. Hakuna. Saa kumi na mbili mkaguzi alisema kwa upole, kama anayeagiza chai, "Kesho asubuhi tunafumua."

Mhandisi mkuu, mama wa makamo aliyekisimamia chombo kile tangu kikiwa mchoro, alikaa chini sakafuni palepale. Kufumua ni miezi minne ya kazi, na tarehe ya kurushwa ikipita, jua lingekuwa limeshaondoka sehemu ya kutua. Kulisubiri lirudi vizuri ni miezi saba. Hakulia. Alikaa tu akiitazama miguu yake.

Mkono wa Fundi ukaenda wenyewe kifuani. Ovaroli mpya, haina kitu. Lakini ile ya asubuhi je? Hakuna aliyewaza magunia ya nguo chafu, maana nani mwenye akili zake angechomeka pini kwenye ovaroli? Akinyamaza, hakuna atakayelaumiwa. Watafumua, atashona upya, jina lake safi, kazi yake anayo. Akisema, ndiyo basi tena, arudi kwenye suruali. Alimtazama mhandisi pale sakafuni, akamwonea huruma, akajionea huruma yeye zaidi, nisiwadanganye. Kisha akapiga moyo konde.

"Mkaguzi, msifumue. Tafuteni kwenye magunia. Ovaroli yangu, kifua cha kushoto."

Gunia likaletwa. Mkaguzi aliinua ovaroli ya Fundi mbele ya taa, na matundu yakaonekana, madogo, kama kumi na mawili hivi. Pini haikuwamo.

Loo! Fundi amejimaliza mwenyewe, na chombo bado kitafumuliwa! Mkaguzi aliendelea kutoa ovaroli moja moja. Ya tatu ilikuwa na alama ya wifi, na kifuani, upande wa kushoto, pini ya arobaini ilikuwa imechomekwa, imenyooka kabisa.

"Mimi?" wifi alipayuka. "Haki ya Mungu sikumbuki! Sikumbuki kabisa!"

Fundi alimwamini. Hakuwahi kumfundisha hilo kwa mdomo. Wifi aliliona kwake kila siku akaliiga bila kujua anaiga.

Wakavua ovaroli, wakaingia ofisini kwa mkaguzi watu wanne. Mkaguzi alimpa Fundi ile pini aithibitishe kama ni ya kisanduku chao. Ni yenyewe. Chombo kimepona, alisema mkaguzi, ila sheria ni sheria: wote wawili nje.

"Haiwezekani," alisema mhandisi. "Kifuniko cha mdomo wa mafuta kinashonwa mwisho, chombo kikishajazwa. Wanaokijua ni hawa wawili tu. Lazima abaki mmoja."

"Abaki yeye!" wifi akadakia, machozi yanamtoka. "Pini imekutwa kwangu. Na yeye ndiye fundi, mimi nabahatisha tu."

Mhandisi akaitikia kwa kichwa. Kila mtu alijua mkono wa Fundi hauna mfano. Mkaguzi akamgeukia.

"Unaweza kuniapia kwamba hutarudia?"

Fundi alitaka mno kubaki. Akaanza kusema, na mikono nayo ikasema pamoja naye: kwamba atavaa mkononi kimto cha kuchomekea pini, kwamba wifi atamsimamia, kwamba leo amepata somo asiloweza kulisahau hata akizikwa, kwamba kama ni kuogopa basi ameogopa vya kutosha. Alisema kwa dakika nzima, na kila neno alilimaanisha.

"Naapa," alimaliza. "Sirudii."

Mkaguzi alimwamini, ilionekana usoni. Akanyoosha kiganja. "Haya. Nipe pini niifungie."

Fundi akafungua mkono wa kulia. Mtupu. Akafungua wa kushoto. Akatazama mezani, akatazama sakafuni. Wifi ndiye aliyeiona kwanza, akaziba mdomo kwa mikono miwili. Ilikuwa kwenye gauni la Fundi, kifuani, upande wa kushoto.

Hakuna aliyecheka. Fundi akaichomoa na kuiweka mezani mbele ya mkaguzi.

"Miaka thelathini na minne," alisema. "Huu mkono hausikii tena. Wa wifi una mitatu tu, bado unasikia ukiambiwa. Abaki yeye."

"Wifi, sitaweza peke yangu," alisema dada wa mumewe.

"Utaweza. Kile kifuniko anzia chini, usivute uzi, ukifika pembeni punguza mwendo." Akaomba kalamu, akatia sahihi karatasi ya kuacha kazi, akasimama. Mlangoni aligeuka. "Na wifi, tafadhali. Kila kitu nilichokwambia kifuate. Ila mikono yangu usiiige."