Nyamalele Ulipokata Kona

Shangazi yangu, Mama Shija, alinipigia simu Nyasubi, mjini Kahama, akisema mto umehama. Nyamalele ni mto mdogo unaotoka mlimani, upande wa Rwamgasa, nao ndio mpaka wa kijiji chake na kijiji cha ng'ambo. Masika hii uliacha kona yake ya zamani na kukata moja kwa moja. Ngitili ya shangazi, lile eneo la majani analolifunga hadi kiangazi kwa ajili ya ng'ombe wake, ikabaki ng'ambo. Jirani zake wa ng'ambo walikuwa wanasema mpaka ni mto, na mkutano wa vijiji ulikuwa Jumamosi.

"Wachimbaji wa dhahabu ndio waliougeuza," alisema. "Wewe unapenda kuuliza watu maswali. Njoo uulize ya maana."

Nilishuka basi Katoro, nikachukua bodaboda kupitia Rwamgasa, ambako vumbi la mawe yaliyosagwa lilikuwa limepaka rangi hata majani ya mihogo. Shangazi nilimkuta anakamua.

"Shikamoo, shangazi."

"Marahaba. Umekonda. Kahama hamli?"

Kesho yake alfajiri tulipanda mlimani pamoja. Nyamalele unaanzia chini ya mawe makubwa, maji membamba ambayo mtoto angeyaziba kwa kiganja. Unateremka kwa kurukaruka mawe, unapotea kwenye matete, kisha unaibuka kwenye machimbo.

"Mwangaluka," shangazi aliwasalimu wachimbaji. "Ndio nyie mliohamisha mto wangu?"

"Mwangaluka, mayu," alijibu mmoja wao, Masanja, akimwita mama kwa Kisukuma huku akicheka. "Sisi maji ya kuoshea mchanga tunabeba kwa ndoo. Huyo mwenye nguvu ya kuhamisha mto tuonyeshe, tumpe kazi."

Alitutembeza hadi mwisho wa mabwawa yao. Mto ulitoka pale mwekundu kwa tope, lakini ndani ya kingo zake za siku zote.

"Basi mmeuchafua tu," alisema shangazi.

"Hilo sikatai, mayu."

Mchana tuliufuata kushuka. Chini ya mlima unaingia mbuga ya udongo mweusi, unapunguza mwendo na kuanza kupindapinda. Kwenye ngitili ulikuwa umepinda kama kiwiko. Sasa mfereji ulionyooka ulipita kwenye shingo ya kona ile, na juu ya kingo zake niliona alama za kwato, nyingi, zimekauka kama tofali.

"Shangazi, hapa palikuwa na nini?"

"Njia ya ng'ombe wangu. Wakishanywa kule juu, tunawakatisha hapa kwenda malishoni. Tangu Shija hajazaliwa."

Kwato zilichimba mwaka baada ya mwaka, na mafuriko yakakuta njia iko tayari.

"Nikisema haya mkutanoni, ngitili imekwenda," alisema.

Tukarudi nyumbani kukamua.

Jumamosi alisimama wa kwanza, akasema yote. Upande wa ng'ambo uliangua kicheko.

"Kumbe mpaka umehamishwa na ng'ombe wa Mama Shija!" alisema jirani yake, Baba Kulwa. "Mwakani wagombee uenyekiti!"

Kicheko kilipoisha, Baba Kulwa huyohuyo aliendelea kwa sauti nyingine. Mpaka waliwekeana watu, si mto, alisema, kwa hiyo ubaki kwenye kona ya zamani. Lakini kona imekauka, na ng'ombe wao hawana pa kunywa. Majani waliyataka kwa sababu yako njiani kuelekea majini.

"Mngesema kiu toka mwanzo," alijibu shangazi. "Piteni. Ila msinyooshe njia."

Nilirudi Kahama Jumapili. Nilikuwa nimekwenda kutafuta aliyeuhamisha mto, na sikuwa nimefikiria kuuliza umemwacha nani bila maji. Nilipoondoka, watu wa pande zote mbili walikuwa wanapanga matawi ya miiba kuonyesha njia mpya, yenye kona nyingi ili mvua isiifuate. Ng'ombe hawakuipenda hata kidogo.