Gololi Ndani ya Udongo

Harufu ya msonobari uliopasuliwa ndiyo niliyokuwa naivuta mara ya mwisho nikiwa na macho mawili. Nilikuwa nimejibanza nyuma ya magogo kule Mafinga, manati mkononi, nikachungulia. Kitu kikanipiga jicho la kushoto. Maumivu yalichelewa, kwanza nilisikia mlio kichwani, kama kijiko kimegonga sufuria. Nilipoinama damu ikadondokea maranda, na katikati ya damu kitu kinang'aa. Gololi ya chuma! Jamani, sisi tulikuwa tunapigana kwa udongo.

Ilikuwa miaka ya sabini, shule zimefungwa, na sisi watoto wa kiwanda cha mbao tulicheza vita makundi mawili. Ukipigwa umekufa, kaa pembeni. Risasi zetu zilikuwa vidonge vya udongo wa mtoni, tunavifinyanga pamoja, tunavianika vikauke nusu tu, ili vikikugonga vipasuke na kukuachia doa, usije ukabisha kwamba hujaguswa. Wizi ulikuwepo tangu mwanzo. Wengine walipochanganya kokoto, tukaweka sheria ya kupindua mifuko. Wakaanza kuchoma vidonge jikoni, vikawa vigumu kama tofali. Tukaweka ndoo ya maji. Kidonge kikitiwa ndani kisipoyeyuka, mwenyewe anafukuzwa mpaka shule zifunguliwe. Mkaguzi wa ndoo alikuwa Meshaki, mkubwa kuliko sisi sote, na akisema amesema.

Aliyenipiga ni Gaudensi, mtoto wa nyapara wa kiwanda. Mimi nilikuwa na shabaha, nilimuua karibu kila mchezo, na wenzake hawakumwonea huruma. "Gaudensi, kaazime gauni! Msichana kakuzika tena!" Alikuwa anacheka meno tu. Kwenye karakana ya baba yake beringi mbovu za mashine, zenye gololi ndani, zilizagaa chini. Akachomoa gololi moja, akaivika udongo, akaianika pamoja na risasi nyingine.

Mama alinifunga kitenge kichwani, akamwita Meshaki. "Mwanangu, si ulikagua?"

"Nilikagua, mama. Moja niliiona nzito. Gaudensi akaniambia nikinyamaza nitapanda mbele kwenye lori la mbao, mpaka Iringa."

Nzito! Mkono wake uliijua, ndoo iko miguuni pake, na hakuitumbukiza. Nilishtuka kuliko nilivyoshtuka kwa damu.

Jioni nyapara akaja, mpole kabisa, akaomba aione ile gololi. Mama akampa. Akaitia mfukoni. "Watoto bwana," akasema, "kijiti cha msonobari kimemchoma. Au siyo, baba Tumaini?" Baba yangu alikuwa mvuta magogo chini ya nyapara huyo. Akatazama viatu vyake. "Kijiti," akasema. Na Meshaki, amesimama mlangoni, naye akasema kijiti. Mwenye nguvu mpishe, wahenga walinena. Baba alimpisha mpaka ndani ya jicho langu. Siku chache baadaye lori likapita kwetu, na Meshaki kaketi mbele, kiwiko kimetoka dirishani.

Mimi shule nimesoma kidogo, simu za siku hizi ananifundisha binti yangu. Juzi alikuwa anacheza vita humo, anapigana na watu asiowajua, mara akapiga kelele: "Mama, huyu mwizi! Anaona watu nyuma ya ukuta!" Baadaye akashangilia. "Kafungiwa!"

"Kafungiwa na nani?"

"Na wenye mchezo. Wanakagua, mama."

"Hata kama baba yake ni mkubwa?"

Akanitazama, hakunielewa. Nikatoka nje nikasimama. Mchezo usiomwaga hata tone la damu una mkaguzi, na wetu uliotoa jicho ulimalizwa kwa neno kijiti!

Nyapara na baba wamekufa, hao nimemwachia Mungu. Gaudensi ana kiwanda chake mwenyewe cha mbao, na watoto wa vibarua wake wanacheza kwenye magogo vilevile. Meshaki yuko barazani, anaamua kesi za mipaka ya mashamba, watu wanamwamini. Tukikutana sokoni hunipita upande wa kushoto, ambako simwoni, nasikia sauti tu ya salamu ya kwetu: "Kamwene, dada."

Meshaki, kamwene si jibu. Njoo upande wa kulia, mbele ya watu hao hao wanaokuamini, useme: ile risasi ilikuwa nzito kiasi gani kiganjani mwako, na kwa nini hukuitia majini?